Kiwanja Kimoja, Shule Mbili, Wadai Watatu: Kisa cha Uongozi wa Shule ya Kiislamu Uganda

Siku ya kwanza ya muhula, walimu wakuu wawili walifika katika shule moja ya msingi, kila mmoja akiwa na barua yake. Barua ya kwanza ilitoka wilayani, ikiwa na muhuri wa ofisi ya mtendaji mkuu wa wilaya. Ya pili iliandikwa na kamati ya msikiti uliomo ndani ya uzio huo huo. Kufikia adhuhuri polisi walikuwa langoni, na wazee wa msikiti, wengi wao Wanubi na Waswahili ambao baba zao walijenga madarasa ya kwanza kwa michango yao, walikuwa wakiwasimulia polisi historia ambayo polisi hawana mamlaka ya kuiamua. Wiki chache baadaye shauri lilifunguliwa Mahakama Kuu.

Kisa hiki ni cha mfano. Nimekijenga kwa sura ambazo migogoro ya aina hii huwa nazo nchini Uganda, na kwa hiyo shule haina jina wala wazee hawana majina. Sheria, taasisi na mashauri yanayotajwa ni ya kweli.

Kwanza hali yenyewe. Mji ni mdogo, upo Buganda, na ardhi yake nyingi ni mailo, yaani miliki ya kudumu iliyotokana na Mkataba wa Buganda wa 1900. Katika miaka ya 1950 mzee mmoja mwenye mailo aliwapa Waislamu wa mji kipande cha ardhi kwa ajili ya msikiti na shule. Aliandika karatasi kwa Kiluganda mbele ya mashahidi, akaitia saini, na wazee wakaihifadhi katika sanduku la msikiti. Hakuna aliyekwenda ofisi ya ardhi kubadilisha hati miliki. Mzee alifariki akiwa bado ndiye mmiliki aliyeandikwa katika daftari la serikali, ingawa kwa watu wote wa mji ardhi ile ilikuwa wakfu na jambo lilikuwa limekwisha.

Shule ya msingi ilikua chini ya mwavuli wa Uganda Muslim Education Association, jumuiya iliyokuwa ikisimamia shule za Waislamu wakati wa ukoloni, na ambayo Mwanamfalme Badru Kakungulu wa Kibuli, mtaa wa Kampala, alikuwa nguzo yake. Baada ya uhuru serikali ilichukua usimamizi wa shule za madhehebu, hatua iliyopewa nguvu na sheria ya elimu ya 1963. Tangu hapo walimu wa shule za namna hii wamekuwa wakipangwa na kulipwa na serikali, huku dini iliyoijenga shule ikibaki na nafasi ya mwanzilishi. Mwaka 1972, chini ya utawala wa Idi Amin, liliundwa Baraza Kuu la Waislamu wa Uganda, ambalo makao yake yapo Old Kampala, kwa nia iliyotangazwa ya kuwaweka Waislamu wote chini ya chombo kimoja. Katika orodha za wizara, safu ya mwanzilishi wa shule yetu ikaanza kuandikwa jina la Baraza. Wazee hawakupinga, kwa sababu wakati huo hakukuwa na la kupinga.

Mpango wa elimu ya msingi kwa wote ulipoanza mwaka 1997, shule ilianza kupokea ruzuku ya serikali kwa kila mwanafunzi. Miaka kadhaa baadaye kamati ya msikiti ilijenga shule ya sekondari upande wa pili wa uwanja kwa karo za wazazi na msaada wa wafadhili wa nje, ikasajili kampuni isiyo na hisa ya kuiendesha, na leseni ikatolewa kwa jina la kampuni hiyo. Uzio ulibaki mmoja, kisima kimoja na mlinzi mmoja.

Mpasuko uliofuata haukuzaliwa mjini hapo. Ugomvi kuhusu uuzaji wa mali za Waislamu uliugawa uongozi wa juu, na mwaka 2009 upande wa Kibuli ukamweka Sheikh Zubair Kayongo kuwa Mufti Mkuu, wakati Sheikh Shaban Ramadhan Mubajje akiendelea kuwa Mufti pale Old Kampala. Kamati ya msikiti wetu iliegemea Kibuli, kadhi wa wilaya akabaki na Old Kampala. Kwa muda mrefu pande hizi mbili ziliishi pamoja kwa kupishana tu, mpaka kadhi alipopeleka wilayani orodha mpya ya wajumbe wa kamati ya shule ya msingi, akiomba pia mwalimu mkuu aliyekuwapo ahamishwe. Wilaya ilikubali yote mawili. Wakati huo huo wajukuu wa mzee aliyetoa ardhi, waliokuwa wamepata barua za usimamizi wa mirathi na kuandikwa kwenye hati miliki, walileta mpimaji kupima viwanja vya kuuza.

Hapo wakawa wadai watatu: kamati ya msikiti, kadhi kwa niaba ya Baraza, na familia. Kila mmoja alidai kuwa shule ni yake, na naona kwamba hapo ndipo wote watatu walipoanza kupotea njia. Swali la nani anaiendesha shule ya dini nchini Uganda lina maswali matatu ndani yake, na kila moja hujibiwa na karatasi tofauti iliyo katika ofisi tofauti. Nani ana ardhi ni jambo la hati miliki na sheria ya amana, yaani mali inayoshikwa na mtu kwa faida ya wengine. Nani ni taasisi mwanzilishi ni jambo la Sheria ya Elimu ya 2008. Nani anakaa kwenye kamati au bodi, na kutia saini hundi, ni jambo la uteuzi uliofanywa na kuidhinishwa kwa utaratibu. Mtu anaweza kushinda moja akashindwa mawili, na wanasheria wa pande zote waliandika hati zao kana kwamba atakayepata ardhi atapata na kengele ya shule.

Kosa la kwanza la wazee lilikuwa la jina. Walifungua shauri kwa jina la kamati ya msikiti. Wakili wa kadhi alisimama siku ya kwanza na pingamizi: kamati si mtu kisheria, haikusajiliwa popote, na shauri la mtu asiyekuwapo ni batili tangu mwanzo, halirekebishiki kwa kubadilisha jina juu ya karatasi. Pingamizi hilo ni gumu kulijibu. Njia iliyokuwa wazi ni ile ya Agizo la 1, kanuni ya 8, ya Kanuni za Mwenendo wa Madai, inayoruhusu watu wachache kushtaki kwa niaba ya wengi wenye maslahi yale yale, kwa sharti la kupata ruhusa ya mahakama na kuwapa taarifa wale wanaowakilishwa, kwa kawaida kwa tangazo gazetini. Wazee waliondoa shauri, wakaomba ruhusa, wakatangaza, wakafungua upya wakiwa wawakilishi wa waumini, na kampuni ya sekondari ikaongezwa kuwa mdai wa pili. Muhula mzima ulipita. Kama wangesajili wadhamini chini ya Sheria ya Usajili wa Wadhamini wakati wowote katika miaka yote iliyotangulia, ardhi ingekuwa na mwenyewe asiyekufa na shauri lingekuwa na mdai asiye na shaka. Kanisa Katoliki na Kanisa la Uganda yana wadhamini waliosajiliwa wa majimbo na dayosisi, na hiyo ni sababu moja ya migogoro yao ya ardhi kuanzia mbele zaidi ya hapa.

Shauri jipya liliambatana na ombi la zuio la muda. Vigezo vyake Uganda vinajulikana: mdai aonyeshe hoja yenye uzito wa kusikilizwa, aonyeshe madhara yasiyoweza kufidiwa kwa fedha, na mahakama ikibaki na mashaka ipime ni upande upi utaumia zaidi. Uamuzi unaotajwa katika kila ombi la namna hii ni Kiyimba Kaggwa dhidi ya Haji Abdu Nasser Katende wa 1985, unaosema kuwa lengo la zuio ni kuilinda hali iliyopo mpaka shauri liamuliwe. Maneno hayo yanasikika kuwa ya haki kwa wote. Katika shule yana maana kali zaidi, kwa kuwa hali iliyopo ni ile iliyopo siku ya kufungua shauri, na aliyeshika lango na akaunti siku hiyo huendelea kuvishika kwa miaka. Kadhi alilijua hilo. Kufikia siku hiyo, mwalimu mkuu aliyeletwa na wilaya alikuwa ameshabadilisha saini benki, ameshapokea ruzuku ya muhula, na ameshasajili watahiniwa wa darasa la saba kwa Baraza la Mitihani la Taifa.

Kwa hiyo jaji aligawanya amri yake. Shule ya msingi ilibaki mikononi mwa mwalimu mkuu wa wilaya, kwa sababu kumwondoa karibu na mitihani kungewaumiza watoto ambao hawakuwa upande wowote. Sekondari ilibaki kwa kampuni. Familia ilizuiwa kupima, kugawa au kuuza. Wazee walitoka mahakamani wakisema wameshindwa, ingawa walikuwa wamepata mawili kati ya matatu. Yale waliyoyapata hawakuyahesabu kwa kuwa hawakuwahi kufikiri wangeyapoteza.

Suala la taasisi mwanzilishi ndilo lililochukua siku nyingi za ushahidi. Sheria ya 2008 inamwelezea mwanzilishi kuwa ni mtu au taasisi iliyoanzisha na inayosimamia shule, na inampa haki ya kupendekeza sehemu ya wajumbe wa kamati ya shule ya msingi au bodi ya magavana ya sekondari, akiwemo mwenyekiti. Katika shule inayopata ruzuku, mwanzilishi hamwajiri wala hamlipi mwalimu. Anachokilinda ni mwelekeo wa kidini na kimaadili, ardhi, na sauti katika kikao. Haki hiyo ni ndogo kuliko wanavyodhani viongozi wengi wa dini, na bado ni kubwa kiasi cha kupigania, maana mwenyekiti wa kamati ndiye anayeongoza kikao kinachopitisha bajeti na ndiye anayeandikiwa barua na wilaya.

Kadhi alileta orodha za wizara zenye jina la Baraza. Wazee walileta sanduku: risiti za matofali na mabati, muhtasari wa vikao ulioandikwa kwa Kiswahili, na barua ya ofisa elimu wa wakati wa ukoloni kwa Uganda Muslim Education Association kuhusu shule hiyo. Kwa kuwa lugha ya mahakama ni Kiingereza, kila ukurasa ulihitaji tafsiri iliyoapiwa, na gharama yake iliwashangaza wazee kuliko ada ya wakili. Hoja yao ilikuwa fupi: chombo kilichoundwa 1972 hakiwezi kuwa kilianzisha shule iliyokuwa na wanafunzi miaka ya 1950. Jibu la kadhi lilikuwa kwamba Baraza liliundwa ili kuwakusanya Waislamu wote, kwa hiyo lilirithi walivyokuwa navyo.

Kwa maoni yangu hoja ya kadhi ina udhaifu ambao wakili wa wazee alichelewa kuugusa. Kurithi mali ya chombo kingine kunahitaji tendo la kisheria: uhamisho, makubaliano ya kuungana, au amri ya sheria inayotaja mali hiyo. Tangazo la umoja halitoshi. Kwa upande mwingine wazee nao walikuwa na pengo, kwani waumini wa miaka ya 1950 hawakuwa chombo, na kampuni waliyoisajili ilikuwa changa kuliko hata Baraza. Jaji aliona kuwa kuanzisha ni tukio la kihistoria ambalo orodha ya wizara ni ushahidi wake tu, na ushahidi huo unaweza kupingwa.

Hata hivyo wazee hawakupata amri ya kufuta uteuzi wa kamati mpya, na sababu yake ni kalenda. Uamuzi wa wilaya kukubali orodha ya kadhi ulikuwa uamuzi wa ofisi ya umma, na njia ya kuupinga ni mapitio ya kimahakama. Kanuni za 2009 zinataka ombi liletwe ndani ya miezi mitatu, isipokuwa mahakama ikiona sababu nzuri ya kuongeza muda. Misingi yake ni ile iliyopangwa vizuri katika shauri la Pastoli dhidi ya halmashauri ya wilaya ya Kabale: uvunjaji wa sheria, kutokuwa na mantiki, na ukiukaji wa utaratibu. Wazee walikuwa na hoja nzuri ya utaratibu, kwa sababu hakuna aliyewaita kuwasikiliza kabla orodha haijakubaliwa. Lakini miezi hiyo mitatu waliitumia katika vikao vya sulhu, mara nyumbani kwa alhaji huyu, mara kwa sheikh yule, na mara mbili walisubiri mjumbe aliyeahidiwa kutoka Kampala. Kutafuta sulhu ni jambo jema na dini inalihimiza. Wakili mwangalifu angefungua ombi ndani ya muda kisha aombe lisimamishwe wakati vikao vikiendelea. Mahakama ilikataa kuongeza muda.

Suala la ardhi ndilo lenye mafunzo zaidi kwa mtu wa sheria, na ajabu ni kwamba lilichukua muda mfupi. Familia ilikuwa na hati miliki, na kwa mujibu wa kifungu cha 59 cha Sheria ya Usajili wa Hati, kwa hesabu ya vifungu iliyozoeleka, hati ni ushahidi kamili wa umiliki. Wazee walijibu kwanza kwa kudai ulaghai. Madai hayo ni mazito na hayakuwafaa: shauri la Kampala Bottlers dhidi ya Damanico lilishaweka wazi kuwa ulaghai lazima uhusishwe na aliyeandikishwa, ama aliutenda ama aliujua, na kiwango cha uthibitisho ni cha juu kuliko cha madai ya kawaida. Wajukuu walikuwa wamefuata taratibu zote za mirathi bila kughushi kitu.

Jibu la pili lilikuwa la ukaaji. Sheria ya Ardhi ya 1998 inamlinda aliyekaa na kuendeleza ardhi kwa miaka 12 au zaidi kabla ya Katiba ya 1995 bila kupingwa na mwenye hati. Shule ilitimiza sharti hilo kwa urahisi, na wakili alilishikilia kwa furaha. Mimi nisingelitanguliza. Ulinzi huo humfanya mkaaji kuwa mpangaji wa kibanja, yaani kipande kilichomo ndani ya ardhi ya mwingine, anayelipa busuulu, kodi ya ardhi, kwa mwenye mailo kila mwaka. Shule ingebaki pale ilipo, lakini wakfu ungekuwa umekufa, na kila kizazi cha familia kingekuja kudai kodi na neno la mwisho juu ya ujenzi.

Jibu la tatu ndilo lililoshinda. Kwa fikihi ya Kishafii, wanayoifuata Waislamu wengi wa Afrika Mashariki, wakfu hukamilika kwa tamko la mwenye mali, na baada ya hapo hauuzwi, hautolewi zawadi wala haurithiwi. Zanzibar ina Kamisheni ya Wakfu na Mali ya Amana, na Kenya ilipitisha Sheria ya Wakfu mwaka 2022. Uganda wakfu hulazimika kuvaa nguo ya amana ya kawaida na kuthibitishwa kwa vigezo vyake: nia iliyo wazi, mali inayojulikana, na walengwa au lengo la kheri linalotambulika. Karatasi ya Kiluganda ilikuwa na nia na lengo. Matumizi ya zaidi ya nusu karne yaliithibitisha. Wajukuu hawakuinunua ardhi, waliipata bila kutoa thamani, na kwa hiyo hawakuweza kuwa na haki bora kuliko aliyokuwa nayo babu yao siku aliyokufa. Mahakama iliona kuwa majina yao kwenye hati yanasimama kwa niaba ya msikiti na shule. Lililobaki ni mpaka, kwa kuwa karatasi ilitaja mwembe na bwawa la mafunjo, na mwembe haukuwapo tena.

Katikati ya ushahidi, wakili wa kadhi aliomba mahakama itamke ni nani Mufti halali, akisema kila kitu kingine kingefuata. Jaji alikataa, na alifanya vyema. Wazee kadhaa wa kando walishauri suala lipelekwe mahakama ya kadhi, na ushauri huo nao haukuwa na mlango. Ibara ya 129 ya Katiba inazitaja mahakama za kadhi kwa ndoa, talaka, mirathi na ulezi. Usimamizi wa shule haumo.

Kuhusu sekondari hakukuwa na mengi. Leseni ilikuwa ya kampuni, wazazi walilipa karo kwa kampuni, na kadhi hakuwa na karatasi yoyote.

Hukumu ilitamka kwamba ardhi ni amana kwa ajili ya msikiti na shule, ikawaagiza waumini kusajili wadhamini ambao hati ingehamishiwa kwao, na ikamtaka mpimaji wa wilaya aweke mpaka mbele ya pande zote. Kampuni ilithibitishwa kuwa mwendeshaji wa sekondari. Wizara ilielekezwa kuipitia upya safu ya mwanzilishi wa shule ya msingi baada ya kuwasikiliza wazee na Baraza, na kamati iliyokuwapo ikaachwa imalize kipindi chake. Makaburi ya ukoo yaliyomo ndani ya uzio yalishughulikiwa kwa makubaliano: familia itapita kuyazuru bila kuomba ruhusa ya mkuu wa shule. Jaji aliagiza kila upande ubebe gharama zake, isipokuwa gharama za pingamizi la mwanzo, ambazo wazee walizilipa kwa mchango uliokusanywa msikitini. Majina ya wadhamini yalikuwa yameshaanza kubishaniwa kabla mpimaji hajafika.